Huduma ya matembezi na lama: nyota nne, ya tano nawadai maji

Nimekaa na maoni haya karibu wiki nzima kabla ya kuyaandika, kwa sababu sikutaka furaha ya siku ile ndiyo iandike badala yangu. Sasa nimetulia, na bado nasema vilevile: kama unataka kumpeleka mtoto akatembee na lama, yule mnyama ndugu wa ngamia, tafuta watu wanaofanya kazi kama hawa. Nimewapa nyota nne. Nitaeleza iliyopungua, lakini kwanza nieleze kilichonipeleka pale.

Mwaka jana nilimpeleka mtoto wa kaka yangu, wakati ule ana miaka 8, kuona lama mahali pengine kabisa. Watoto kama 10 walibanana kwenye uzio, kila mmoja kashika punje za chakula kiganjani, na ng'ambo ya uzio kulikuwa na lama wawili tu. Hakuna aliyetuambia lolote. Mtoto akanyoosha mkono, lama wa mbele akala, wa nyuma akapenyeza shingo naye ale. Yule wa mbele akageuza kichwa kwa hasira na kutema. Yalimpata mwanangu huyu shavuni na kwenye kola ya shati: majani mabichi yaliyosagika, rangi ya kijani, na harufu kali ya kuchachuka ambayo sabuni ya kwanza haikuitoa. Mhudumu akacheka, kisha akamchapa yule mnyama puani kwa ncha ya kamba, eti amefundishwa adabu.

Njiani kurudi mtoto alinyamaza muda mrefu, halafu akaniuliza, "Shangazi, nilimkosea nini?"

Sikuwa na jibu. Nilimwambia mnyama ni mnyama tu, na nilijua wakati uleule kwamba nimemdanganya. Baada ya hapo akawa anaogopa hata mbuzi. Akiona mnyama anatafuna karibu naye, anajificha nyuma ya mtu mzima. Kwa hiyo niliposikia kuna watunzaji wanaotembeza watu na lama na ambao hawamruhusu mgeni kushika kamba kabla hajafundishwa, nilimwomba kaka anipe mtoto kwa siku moja zaidi. Mtoto mwenyewe alikubali kwa sharti moja, kwamba hatalisha.

Kumbe sharti lake lilikuwa ndilo la wenyeji pia. Dada aliyetupokea, ndiye mtunzaji mkuu, alituomba tuweke mifuko chini na tubaki mikono mitupu. Hakuna kulisha kwa mkono, si mtoto, si mkubwa. Akasema lama akizoea kwamba kila kiganja cha mtu kina chakula, basi kiganja kisicho na chakula anakiona kama dhuluma, na wenzake wanaomkaribia anawaona kama wezi. Mtu aliyesimama katikati ndiye anayerushiwa. Nilimtazama mtoto. Alikuwa amekunja uso kama mtu anayepiga hesabu.

Tulikaa kwenye uzio nusu saa nzima tukitazama tu. Najua wapo watakaoiona nusu saa hiyo kuwa ya kupoteza muda, hasa waliolipia matembezi. Mimi ndiyo niliyoilipia nyota tatu kati ya hizi nne.

Dada alianza na masikio. Lama ana masikio marefu yaliyopinda kwa ndani kama ndizi, na yakiwa yamesimama kuelekea mbele maana yake anakuchunguza tu. Yakilala kidogo pembeni, ametulia. Yakibanwa nyuma hadi yanagusa shingo, hapo ameanza kusema. Baada ya masikio hufuata kidevu: anainua pua juu, shingo inanyooka, macho yanakutazama kwa chini. Mkia nao huinuka kwa wengine. Kisha huja mlio wa koo, kama maji yanayobubujika ndani ya chupa ya shingo nyembamba. Dalili ya mvua ni mawingu, na mlio huo ndio wingu la mwisho. Hata hapo wengi hupuliza hewa kwanza, pfff, yenye mate mepesi kidogo. Ukiondoka wakati huo, kwa kawaida mambo yanaishia hapo.

Tukayaona yote kwa macho yetu. Mtunzaji mwingine alileta hori moja la majani makavu, na majike wawili wakalifikia kwa pamoja: mmoja mweusi mwenye doa jeupe puani, mwingine wa kahawia mwenye manyoya mengi kifuani. Mweusi akabana masikio. Wa kahawia akaendelea kula. Mweusi akainua kidevu. Wa kahawia akavuta tonge jingine. Ukasikika ule mlio, ikaja hewa, wa kahawia akainua kidevu chake naye, na hapo mweusi akamrushia ya kijani, usoni. Wa kahawia akarudi nyuma hatua mbili, akatingisha kichwa, mambo yakaisha. Hakuna aliyeumia. Mweusi akabaki na hori.

Lakini kilichomshika mtoto ni kilichofuata. Yule mweusi aliyeshinda hakula. Alisimama mdomo wazi, mdomo wa chini umelegea na kuning'inia, uzi wa mate ya kijani ukishuka, kama mtu aliyemeza dawa chungu. Alikaa hivyo dakika kadhaa. Dada akaeleza kwamba kilichotoka kilitoka tumboni, ni chakula kilichokwisha kuanza kumeng'enywa, kichungu na chenye kuchachuka, na anayekirusha hukionja kabla ya anayerushiwa. Kwa hiyo lama hatemi ya tumboni kwa mchezo. Hutumia punje zilizomo kinywani kama zipo, au mate tu na hewa, na ya kijani huyaacha mpaka njia nyingine zimeshindikana. Yakirushwa sawasawa yanaweza kufika mita 3 hivi.

"Kwa hiyo na yeye anateseka?" mtoto akauliza.

"Na yeye anateseka," dada akamjibu, bila kuongeza neno.

Nimetembelea sehemu nyingi zenye wanyama na nimesikia maelezo mengi ya kukariri. Huyu dada alikuwa tofauti kwa sababu alijibu swali aliloulizwa, kwa kiasi kilichoulizwa. Mtoto alipotaka kujua chakula kinarudije kinywani, alituonyesha lama aliyelala kivulini na kutuambia tutazame shingo yake tu. Tukangoja. Ghafla tukaona donge likipanda chini ya ngozi, kutoka kifuani mpaka kwenye taya, na mnyama akaanza kutafuna kwa kupeleka taya kulia na kushoto. Alipomaliza, donge likateremka, na baada ya muda mfupi likapanda jingine. Ni kucheua, kama ng'ombe na mbuzi wanavyocheua, ila tumbo la lama lina vyumba vitatu, si vinne. Katika hilo amefanana na ngamia, na kweli ni ndugu: ngamia, lama, alpaka, guanako na vikunya wote ni ukoo mmoja. Lama alifugwa kutokana na guanako, ndugu yake wa mwituni, kwenye milima ya Andes ya Amerika Kusini zaidi ya miaka 4,000 iliyopita, na hadi leo Peru na Bolivia ndiko kwao. Aliyewahi kukaribia ngamia mwenye hasira anaijua harufu ninayoizungumzia.

Mnyama mwenye njia hiyo iliyo wazi kati ya tumbo na kinywa, asiye na pembe, na mwenye pedi laini badala ya kwato ngumu, ana silaha chache. Anaweza kupiga teke na madume hung'atana, lakini ndani ya kundi ugomvi mwingi wa kila siku huishia kwenye mate. Nani ale kwanza, nani apite kwanza, nani amekaribia mno. Mama mwenye mtoto anayenyonya humtemea anayemsogelea mwanawe. Jike asiyemtaka dume humtemea pia, na hapa wafugaji wamejifunza kitu: jike akiwa na mimba hukataa dume kwa mate, mateke na mbio, kwa hiyo wao humsogeza dume karibu ili waone atampokeaje. Si kipimo cha kutegemea peke yake, daktari wa mifugo bado huhitajika, lakini mimba ya lama huchukua karibu miezi 11 na nusu, na dalili yoyote ya mapema ina faida.

Kwa wanadamu ni habari nyingine. Lama aliyelelewa vizuri, kati ya lama wenzake, ni nadra sana kumtemea mtu kwa kumkusudia. Sisi wengi hupatwa kwa kusimama kwenye mstari wa ugomvi usiotuhusu. Dada aliposema hivyo, mtoto aliniangalia mara moja, haraka, kisha akarudisha macho kwa wanyama. Mwaka mzima alikuwa anaamini amechukiwa.

Anayekusudia kumtemea mtu huwa na sababu zake. Huenda ameumizwa, au ana kidonda chini ya matandiko, au amebebeshwa mno. Huenda anaogopa sindano au anashikwa kichwa kwa nguvu. Au ndiye yule waliyetuonyesha kwa mbali, na hapa ndipo nilipowaheshimu zaidi.

Nyuma ya zizi kubwa kuna uzio wa pekee, na ndani yake dume mmoja mweupe, mzuri kuliko wote. Alipotuona alikuja mbio mpaka kwenye waya, kifua mbele. Ungesema amefurahi. Dada alitusimamisha mbali. Yule dume alipozaliwa mama yake alikufa, na waliomlea kabla ya kuletwa hapa walimnywesha maziwa kwa chupa, wakalala naye ndani, wakambembeleza kama mtoto wao. Alikua bila kujua lama ni nini. Alipokomaa akawachukulia wanadamu kama madume wenzake, na dume wa lama hushindana na madume wenzake kwa mate, kifua na meno. Mnyama huyo anakaribia kilo 150. Hata kumhasi hakukumaliza tabia yote. Sasa wanaoingia zizini kwake ni watunzaji wawili tu wanaomjua, na ana maksai wenzake wawili wa kukaa nao.

Wangeweza kumficha. Wageni tunapenda kuona kila kitu ni kizuri, na dume yule hapendezi kwa matangazo. Walimwonyesha ili tukimwona ndama wa lama anayekuja kunusa uso wako na kukuegemea, tusishangilie. Ndama anapokuja hivyo hapa, hawamsukumi kwa ukali, ila hawamshiki. Wanageuka, wanampa mgongo, wanamwacha arudi kwa mama yake. Anayelazimika kunyweshwa kwa chupa hunyweshwa ndani ya kundi, bila mabusu. Mtoto aliuliza kama si ukatili. Dada akasema ukatili ni ule aliotendewa yule mweupe, na waliomtendea walimpenda sana.

Sasa jibu la mtu akitemewa, kwani wengi mtasoma maoni haya kwa ajili ya hilo. Walitufanyisha mazoezi, kila mmoja kwa zamu, mtunzaji akijifanya lama. Ukiona masikio yamebanwa na kidevu kimepanda, usimkazie macho na usirudi kinyumenyume ukiwa umemwelekea. Geuza uso, toka pembeni hatua mbili tatu, polepole. Kama umeshika kamba, ilegeze. Ukiivuta unamletea kichwa chake karibu na chako. Usipige kelele. Kama yameshakupata, yameshakupata: futa macho kwanza, nyamaza, ondoka kwenye mstari. Usimchape. Kofi la puani humfundisha kwamba mkono wa mtu ukikaribia kichwa ni maumivu, na siku nyingine atatema mapema zaidi, bila hata ule mlio wa koo. Nilikumbuka ile ncha ya kamba ya mwaka jana, na nikasikitika kwa ajili ya mnyama yule pia, jambo ambalo wakati ule halikunijia kabisa.

Halafu unarudi kutazama kilichotangulia. Chakula kilikuwa wapi? Nani alikuwa nyuma yako? Uligusa nini? Lama wengi hawapendi kushikwa kichwani, na hilo mimi mwenyewe nilikuwa silijui. Mkono wangu ulikuwa unakwenda paji la uso moja kwa moja, kama kwa mbwa. Gusa shingo chini au bega, kwa mgongo wa kiganja, na kama amejisogeza, acha. Mate yenyewe si sumu. Ni uchafu unaonuka: maji na sabuni kwa ngozi, nguo zilowekwe mapema kabla ya kukauka, na macho yasafishwe kwa maji safi mengi. Yakiendelea kuwasha, nenda kwa daktari.

Matembezi yenyewe nitayapitia haraka, kwa kuwa yalikwenda vizuri na mambo yanayokwenda vizuri hayana hadithi ndefu. Walipanga wanyama kwa utaratibu wanaouelewa wao, yule mweusi mbele, na wasiopatana hawakufuatana. Mifuko yetu ya maji na vitafunio ilipimwa kwa mizani ya mkono kabla ya kufungwa mgongoni. Lama mzima mwenye afya anaweza kubeba robo ya uzito wake au zaidi kidogo, na ukizidisha atalala chini na kukataa, na ukimlazimisha ndipo utakapotemewa. Hawa waliweka mzigo chini sana ya hapo. Nyayo zao hazisikiki. Unatembea ukisikia pumzi na ule mguno wao mwembamba, mmmm, wanaoutoa wakitaka kujua mwenzao yuko wapi. Mtoto alipewa maksai mzee wa kijivu. Nusu ya kwanza ya njia aliishika kamba mbali kabisa na mwili. Nusu ya pili walikuwa bega kwa shingo, na sikumwambia kitu nisije nikaharibu.

Basi nyota ya tano. Kwanza, watu wanne walifika wakiwa wamechelewa, nusu saa ya uzio imekwisha, na wakaruhusiwa kujiunga nasi moja kwa moja. Siwalaumu kwa huruma yao, lakini yote waliyotufundisha yanategemea kila mtu kwenye msafara kuyajua. Mmoja wa hao alinyoosha mkono kushika masikio ya lama wa mbele yake mara tatu, na mtunzaji ikabidi aache kazi yake amfuate. Anayechelewa asubiri kundi linalofuata. Pili, bomba la maji liko mlangoni tu. Kama mtu angetemewa machoni katikati ya njia, angetembea robo saa akiwa amefumba macho. Chupa moja kubwa ya maji safi kwenye mkoba wa kila mtunzaji ingetosha, na wanyama wa kuibeba si wapo? Niliwaambia hayo mawili kabla ya kuondoka. Dada aliyaandika kwenye daftari lake mbele yangu, akanishukuru.

Tatu ni dogo: maelezo yaliyobandikwa ukutani yana herufi ndogo mno. Chora picha ya masikio, kubwa, watoto wataielewa.

Tuliporudi, wanyama walivuliwa matandiko na kupelekwa kwenye hori. Mimi nilikuwa nimesimama karibu na uzio nikitafuta simu kwenye mkoba, mgongo wangu kwa wanyama. Nikahisi mtu ananivuta mkono wa nguo. Ni mtoto. Hakusema kitu, alinivuta tu pembeni, hatua mbili, polepole, uso wake kaugeuza kama alivyofundishwa. Ndipo na mimi nikausikia ule mlio wa koo nyuma yangu, na mara mate ya kijani yakapita pale nilipokuwa nimesimama, yakampata yule wa kahawia shingoni.

Mtoto alimtazama mweusi aliyebaki na mdomo wake umening'inia.

"Hakuwa anatusema sisi, Shangazi," akaniambia. "Ni majani." Kisha akaomba tungoje mpaka mdomo wake urudi sawa, na tukangoja.